Mackenzie: mtoto wa kike anayeitwa 'bin'

Chukua jina la Siti binti Saad, mwimbaji wa taarab wa Unguja aliyefariki mwaka 1950, uliandike "Siti bin Saad". Hata asiyejua wimbo wake mmoja atasema karani kakosea. Halafu ondoa Siti, ubakize Bin Saad peke yake, umpe mtoto mchanga wa kike liwe ndilo jina lake la kuitwa nyumbani na shuleni. Hilo ndilo jina Mackenzie ukilirudisha kwenye lugha lilikotoka. Wamarekani wamekuwa wakiwapa mabinti zao jina hili kwa takriban nusu karne, na kwetu nako limeshabisha hodi, kwa njia ya televisheni na ya ndugu walioko ughaibuni wanaotafuta jina la kisasa lenye asili ya Uskoti.

Je, kuna ubaya? Nadhani upo, mdogo, ila haupo pale wengi wanapouona.

Tuanze na lugha yenyewe. Kwa Kigaeli cha Uskoti, *mac* ni mwana wa kiume. Abiria wa Nairobi na Mombasa wamelisoma neno hilo barabarani miaka yote: mji wa Mackinnon Road umebeba jina la Mskoti William Mackinnon, mwanzilishi wa kampuni iliyoshika pwani ya Kenya kabla serikali ya Uingereza haijaichukua. Mackenzie limeundwa vilevile. Asili yake ni MacCoinnich, mwana wa Coinneach, na Coinneach ndiye huyo ambaye kwa Kiingereza huitwa Kenneth. Mwanamke wa ukoo huo, akiwa kwao na akizungumza Kigaeli, haitwi MacCoinnich. Anaitwa NicCoinnich. *Nic* ni ufupisho wa maneno yenye maana ya "binti wa mwana wa", na kazi yake ni ileile ya *binti* kwetu. Makarani walioandika kwa Kiingereza hawakuijali tofauti hiyo. Waliandika Mac kwa wote, mke kwa mume, na ndivyo vyeti vinavyosomeka hadi leo.

Ile "z" nayo ni ajali ya kiwanda cha chapa. Waskoti wa zamani walikuwa na herufi iitwayo yogh, ambayo katika majina kama haya ilisomeka karibu na "y". Wapiga chapa hawakuwa nayo, wakaweka "z" kwa kuwa inafanana nayo kwa umbo. Yapo majina yaliyogoma kufuata: mwanasiasa Menzies Campbell, aliyekiongoza chama cha Liberal Democrats cha Uingereza kuanzia 2006 hadi 2007, alijulikana kwa wote kama Ming, kwa kuwa Menzies husomwa "Mingis". Mackenzie likasalimu amri, likatamkwa kama lilivyoandikwa.

Cha kuchekesha ni kwamba mvuto wa jina hili leo umekaa hapohapo kwenye "z". Litamke: Ma-ke-nzi. Lina ugumu wa "k", mtetemo wa "nz", kisha linalainika mwishoni. Mdomo wa Mswahili hauoni shida, maana silabi zote ziko wazi, na hiyo "nzi" tumeizoea kwenye mwenzi na mapenzi, hata kwenye ushenzi, tusifichane. Bibi wa Tanga atalitamka bila kufundishwa. Mpe bibi huyohuyo Eilidh, jina la kike ambalo Waskoti wenyewe wanalipenda sana, aone lilivyoandikwa halafu aambiwe linasomwa "Eili", uone kama hatauliza lile "dh" limekwenda wapi.

Kuna na ufupisho wake, Kenzi, ambao nao ni mtaji. Kwa Waarabu Kenzi ni jina la kike linalojitegemea, kutoka *kanz*, yaani hazina. Kiswahili tunalo neno hilo, kanzi, na limefufuka katika kanzidata. Kwa hiyo familia yenye mguu mmoja Muscat na mwingine Glasgow inaweza kumwita mtoto Kenzi na kila upande ukaridhika, bila yeyote kuusemea uongo mwenzake. Sijui kama wauzaji wa vitabu vya majina wamewahi kuliona hili. Wao wamejaa maana nyingine, na hapo ndipo ninapoanza kuwa na neno nao.

Utakuta Mackenzie limefasiriwa "mtoto wa kiongozi mwenye busara". Kiongozi huyo katoka wapi? Coinneach kwa Kigaeli hufungamanishwa na uzuri wa sura, mtu mtanashati. Kenneth la Kiingereza limefunika pia jina jingine la kale, Cináed, ambalo wengi hulihusisha na moto, na ndilo alilokuwa nalo mfalme Cináed mac Ailpín aliyefariki mwaka 858. Uzuri, sawa. Moto, labda. Busara na uongozi vimeongezwa dukani. Na neno "mtoto" limewekwa pale kwa hila ili mzazi wa msichana asishtuke, kwa sababu tafsiri ya kweli ingekuwa "mwana wa kiume wa mtanashati", na nani atalinunua hilo kwa ajili ya binti?

Anayelitetea jina hili ana hoja nzito, tena ya kwetu kabisa. Angalia majina ya wanaume Afrika Mashariki: Wilson, Jackson, Nelson, Harrison. Yote ni "mwana wa fulani". Hakuna Jackson wa Bukoba aliyewahi kuulizwa Jack ni nani yake. Jina likishatoka kwenye lugha yake na kuingia nyingine, viungo vyake vinagandana. Halina tena *mac* wala *son*, limebaki sauti na mtu anayeitika. Hata kuhamisha jina la ukoo na kulifanya la kuitwa si uzushi wa Wamarekani. Katika karne ya 16 aliishi mwanamke wa tabaka la juu Uingereza, Lady Douglas Sheffield, na Douglas ni jina ambalo leo hakuna anayelifikiria kwa mwanamke. Waskoti nao wana desturi ya kumpa mtoto jina la ukoo wa mama yake liwe la katikati, ili upande wa mama usipotee. Ndivyo William Lyon Mackenzie King, aliyekuwa waziri mkuu wa Kanada kwa zaidi ya miaka 21, alivyobeba jina la babu yake mzaa mama.

Kwa wasichana, mlango ulifunguliwa Marekani. Mwigizaji Mackenzie Phillips, aliyezaliwa mwaka 1959, alianza kuonekana kila wiki kwenye televisheni mwishoni mwa 1975, akiwa kijana mwenye ulimi mkali. Mwaka 1976 jina likaingia kwenye orodha ya majina 1,000 ya wasichana nchini humo, na kufikia mwisho wa miaka ya 1990 lilikuwa ndani ya 100 ya kwanza. Waliolichagua hawakuwa wakitafuta Uskoti peke yake. Walitaka jina ambalo halimtangulizi mtoto kwa maua na utepe, jina ambalo likisomwa kwenye barua ya maombi ya kazi halisemi ni la mke au mume. Hilo nalielewa. Sisi tunalo jambo hilo tangu zamani: Amani, Bahati, Tumaini na Furaha huvaliwa na jinsia zote, tena maana yake iko wazi kwa kila anayeita.

Sasa upande wa pili. Mtu atasema: mbona wanawake wetu nao hubeba majina ya kiume? Ni kweli. Bingwa wa Olimpiki wa mita 1,500, Faith Chepngetich Kipyegon, ni mfano mzuri. Chepngetich ni lake, lina *Chep* ya msichana wa Kikalenjin. Kipyegon ni la baba, lina *Kip* ya mvulana, na linakaa mwisho, mahali ambapo dunia nzima inaelewa kwamba hapo ni pa ukoo. Lakini nenda Keringet, kwao Faith, ukawaambie wazee kwamba mtoto wa kike aliyezaliwa asubuhi ataitwa Kipyegon liwe jina lake la kwanza, bila Chep yoyote. Watakuuliza kama una homa. Tofauti kati ya Kipyegon na Mackenzie si mantiki ya jina. Ni kwamba Wakalenjin wapo, wanazungumza, na wanaweza kukucheka. Wagaeli ni wachache mno, na kicheko chao hakisikiki California. Sensa ya 2011 ilihesabu wasemaji wa Kigaeli wapatao 57,000 tu Uskoti nzima.

Kinachoniuma zaidi ni kwamba nyanda za juu za Uskoti zilishapata njia yao ya kumpa msichana jina la Kenneth. Familia iliyotaka kumkumbuka babu au mjomba ilimwita mtoto Kennethina, kama walivyofanya kwa Murdina, Hughina na Williamina. Majina hayo ni mazito, nakubali, yana harufu ya kabati la bibi. Ila lipo pia Kenna, fupi, la kike, lenye mizizi kwa Coinneach yuleyule. Kwa nini halikupata umaarufu wa Mackenzie? Kwa sababu halikuwa na televisheni, na kwa sababu halina Mac, na Mac ndiyo nembo ambayo mtu wa nje anaitambua kuwa ni Uskoti, pamoja na kilti na zumari. Mnunuzi anataka nembo.

Lakini nisiwafanye Waskoti watakatifu wa usafi wa majina. Jina la kike Lorna lilibuniwa na mwandishi Mwingereza kwa ajili ya riwaya ya mwaka 1869. Iona, jina la kike litokanalo na kisiwa ambako Mtakatifu Columba alianzisha monasteri mwaka 563, lilipata tahajia yake baada ya mnakili kusoma "u" kama "n". Jina bandia lililokaa miaka ya kutosha linageuka la asili, na Mackenzie la kike linaelekea huko.

Jina hubeba pia waliowahi kuitwa hivyo, na hapa wapenzi wa majina hupita haraka mno. Tovuti hupenda kunukuu kaulimbiu ya ukoo wa Mackenzie, *Luceo non uro*, "nang'aa, sichomi". Haziongezi kwamba mkuu wa ukoo huo, Francis Mackenzie, Lord Seaforth, alikuwa gavana wa Barbados kuanzia 1801 hadi 1806 na alimiliki mashamba ya watumwa Berbice, Guyana ya leo. Pwani yetu ilimpata Mackenzie wa aina nyingine: George Mackenzie, msimamizi wa kampuni ya Mackinnon mjini Mombasa, ambaye mwanzoni mwa 1889 aliwalipa fidia wenye watumwa ili watoro waliokuwa wamejihifadhi Rabai na kwenye vituo vingine vya misheni wapate hati za uhuru. Kampuni ilihitaji utulivu wa biashara, tusimpambe kupita kiasi, lakini hati zilitoka.

Na kwa Mkenya wa leo hakuna kati ya hao anayekuja akilini kwanza. Tangu Aprili 2023, Mackenzie ni jina la mhubiri anayeshtakiwa kuhusu vifo vya Shakahola, Kilifi, ambako miili zaidi ya 400 ilifukuliwa. Mzazi wa Malindi anayempa mwanawe jina hili leo hatasikia swali la Kigaeli hata siku moja. Atasikia Shakahola, na mtoto atalisikia darasani. Mzazi wa Lusaka au Iringa mwenye binti aliyesomeshwa na CAMFED, shirika linalofadhili elimu ya wasichana Afrika, pengine atamfikiria MacKenzie Scott, tajiri wa Marekani ambaye amelipatia shirika hilo mamilioni ya dola. Herufi ni zilezile, na umbali kati ya sehemu hizo ni safari ya basi. Ningekuwa na mtoto wa kumpa jina Kenya sasa hivi, nisingelitumia. Ningesubiri kizazi kimoja.

Kwa walioko Minneapolis au Toronto, mizani inaegemea upande mwingine. Huko ni jina la kawaida, la rika lake, na mtoto mwenye Mackenzie mbele na Abdallah au Mwakyusa nyuma hatababaisha mtu. Ninachoomba ni mzazi asiseme kampa mtoto "jina la Kiskoti lenye maana ya busara". Aseme kalipenda sauti yake, basi. Mwenye mama mkwe Mskoti kweli amuulize huyo mama kwanza kuhusu Kenna. Na anayetaka Uskoti mwepesi usio na mkia wa ukoo wala jinsia, Isla lipo, linatamkwa "Aila" na limefungamana na kisiwa cha Islay. Mwaka 2020 liliongoza majina yote ya wasichana Uskoti. Mwigizaji Isla Fisher, aliyesaidia kulieneza, alizaliwa Muscat na wazazi Waskoti, kwa hiyo hata Waswahili wa Oman wana sababu ya kuliona ni la jirani.

Mkishakata shauri kuwa ni Mackenzie, kubalianeni tahajia kabla ya kwenda kuandikisha. Kuna Mackenzie, MacKenzie, McKenzie, Makenzie, na ipo mifumo ya kompyuta inayoweka nafasi baada ya "Mc", hati ya kusafiria ikasema hivi na tiketi ikasema vile. Lenye M moja kubwa na herufi zote tisa ndilo lenye usumbufu mdogo.