Cluxton si wa kutajwa kwa mstari mmoja jamani

Mwandishi umeorodhesha makipa bora wa mpira wa Gaelic, ule mchezo wa Ayalandi wa kushika na kupiga mpira, halafu Stephen Cluxton wa Dublin umempa mstari mmoja, eti "alidaka vizuri". Hapana bana. Kudaka wengi wanadaka, huyu alibadilisha kazi yenyewe, maana zamani kipa alikuwa anabutua tu mpira juu katikati watu wagombanie, yeye akaanza kuupiga kama pasi, unaenda kwa mtu wake anayekimbia pembeni, kabla wapinzani hawajajipanga Dublin wanashambulia.

Na fainali ya 2011 umeirukaje?? Dublin na Kerry wako sare, muda umeisha kabisa, inapatikana faulo, kipa anatoka golini kwake anatembea uwanja mzima pale Croke Park, watu zaidi ya elfu 80 wanamwangalia, anapiga mpira unapita juu ya mtambaapanya katikati ya nguzo, pointi moja, 1-12 kwa 1-11, yaani goli moja na pointi 12 kwa goli moja na pointi 11. Dublin walikuwa hawajachukua kombe la Ayalandi nzima tangu 1995! Halafu huyooo anarudi zake golini.

Alianza 2001, mwaka 2023 ana miaka 41 akarudi akabeba kombe lake la 9. Na hawalipwi hawa, mchezo ni wa ridhaa, jamaa ni mwalimu wa sayansi sekondari. Siku hizi makipa kule wanapanda mbele kupiga mipira ya faulo wala hakuna anayeshangaa, waliiona wapi kama sio kwake