Msiwacheke mashabiki wa Kitamil, wabaneni mastaa

Huku kwetu ukitaja muvi za Kihindi watu wanawaza Mumbai tu, wakati wenye sinema yao haswa wako kusini mwa India, Chennai, kwa Watamil. Muvi ya Rajinikanth, staa wao mkubwa, ikitoka vijana wanapanda mianzi mpaka usawa wa kichwa cha bango lake, bango la ghorofa kadhaa hilo, wanalimwagia maziwa pakiti kwa pakiti, wanalivisha maua, chini wengine wanapasua nazi, halafu ndani ya ukumbi herufi za SUPER STAR zikianza kutokea moja moja kwenye skrini ni miluzi tu, hata muziki husikii.

Kuna watu wanaita huo ujinga na mimi nakataa kabisa. Rajinikanth alikuwa kondakta wa basi Bangalore kabla hajaanza kuigiza 1975, sasa kijana wa kibarua akimwangalia anamwona mwenzake aliyetoboa, kwa nini asishangilie? Na hivyo vikundi vya mashabiki vinachangia damu, vinalisha watu. Tena vina nguvu: MGR, staa wao wa zamani, alianzisha chama cha siasa 1972, mashabiki wake wakawa ndio jeshi lake mtaani, 1977 akawa waziri kiongozi wa Tamil Nadu, jimbo la Watamil, na ukiacha miezi michache ya 1980 serikali yake ilipovunjwa, hakutoka mpaka alipofariki 1987.

Kinachoniuma ni kwamba shabiki anatoa kila kitu na staa harudishi ulinzi hata kidogo. Januari 2023 kijana mmoja Chennai alidondoka kwenye lori akisherehekea muvi mpya ya staa mwingine, Ajith, akafa. Septemba 27, 2025 kule Karur, mji wa Tamil Nadu, watu walimsubiri staa Vijay masaa na masaa kwenye mkutano wa chama chake cha siasa, yeye akachelewa, umati ukabanana, wakafa 41 na watoto wamo.

Ajith alishavunja vikundi vyake tangu 2011, namheshimu kwa hilo, ila ona, lile la lori limetokea miaka kumi na kitu baadaye, maana upendo hauvunjwi kwa tangazo. Mimi namuunga mkono staa mwenzao Kamal Haasan, ambaye vikundi vyake alivigeuza vya huduma za jamii, watu wakabaki pamoja na wakawa na kazi ya kufanya. Na staa anayejua maelfu wanamsubiri afike kwa wakati, ahakikishe maji yapo na njia za kutokea zipo, akishindwa aahirishe mapema watu warudi makwao.