Mguu wa Jelatini na Kope Zinazolegea

Unaweza kumaliza chuo cha uuguzi hapa Nairobi bila kumwona hata mgonjwa mmoja aliyeumwa na nyoka, kisha ukapelekwa Baringo au Kitui, na wiki ya kwanza tu ukaletewa mchunga mbuzi aliyevimba mguu hadi pajani. Kwa hiyo vidonda bandia vya kufundishia, vinavyotengenezwa juu ya mwili wa mwigizaji, navitetea. Wakufunzi wanabishania kitu kingine: kidonda kikifanana mno na cha kweli, kinafundisha au kinapotosha?

Mguu mmoja wa namna hiyo niliutazama kwa karibu. Jelatini iliyoyeyushwa na gliserini ilipakwa kwenye kifundo cha mwanafunzi, tabaka juu ya tabaka, mpaka kifundo kikapotea. Malengelenge yalikuwa vaselini iliyofunikwa kwa karatasi ya shashi, kisha zambarau na nyeusi kwa sponji. Faida kubwa ninayoiona ni ya rangi. Picha nyingi za vitabuni zinaonyesha wekundu kwenye ngozi nyeupe. Kwenye ngozi yetu wekundu huo hauonekani vizuri, unachokiona ni ngozi iliyokaza na kung'aa. Mkono nao unajifunza: kuvua shanga za kifundoni kabla hazijabana, kuchora kwa kalamu mpaka wa uvimbe na kuandika saa.

Lakini wanaopinga wana hoja nzito. Nyoka kama koboko huenda asiache kidonda cha kutazamwa. Vitobo viwili vidogo, pengine hata havionekani, halafu kope zinalegea, mate hayamezeki, pumzi inakatika. Mwanafunzi aliyezoeshwa kutafuta mguu unaooza atamwambia mgonjwa huyu akae kwenye benchi asubiri. Hata akiuma bafe, mwanzoni ni maumivu na uvimbe tu. Nyama kufa huja baadaye. Na damu iliyoharibiwa na sumu hupimwa kwa chupa safi, kavu, ya kioo: inaachwa dakika 20 bila kuguswa, kisha unaiinamisha uone kama imeganda. Rangi haihusiki.

Shirika la Afya Duniani linataka vifo na ulemavu wa nyoka vipungue kwa nusu ifikapo 2030, na mengi yataamuliwa na muuguzi wa zahanati. Basi jelatini iendelee, ila mguu usiletwe darasani ukiwa umeshaiva. Uanze na uvimbe kidogo, mwigizaji atoke, arudi umepanda gotini. Baada yake aingie mwingine asiye na kidonda chochote, aliyefundishwa kulegeza kope na kuongea kwa shida, akae kimya kwenye foleni. Mkufunzi ahesabu dakika zitakazopita kabla mwigizaji huyo hajaulizwa anaumwa nini.