Mikindani: mita 60 za nani?

Basi la Lindi likishatoka Mtwara mjini, halichukui muda barabara inashuka na kuanza kuandamana na maji ya ghuba ya Mikindani. Kushoto nyumba kuukuu za mawe, kulia bahari. Maji yakiwa yamekupwa, abiria wa dirishani anaona tope, mitumbwi imelala ubavu, na wanawake wawili watatu wameinama mbali kule, ndoo mkononi. Hapo ndipo neno linapomtoka: eneo zuri hivi, limekaa bure!

Hilo "bure" ndilo lililonisukuma kuandika. Kila yakizuka mazungumzo ya kuupendezesha ufukwe huu, kwa ukuta wa bahari, vibanda vya kahawa, taa na sehemu ya kutembea jioni, mjadala huanzia kwenye neno hilo. Anayeuliza wavuvi watakwenda wapi huambiwa hataki maendeleo.

Tusiwaonee wanaotaka ufukwe uendelezwe. Uchafu upo, nyumba za kale zinabomoka, vijana wakimaliza shule wanapanda basi hilohilo la abiria wetu na hawarudi. Manispaa ya Mtwara-Mikindani nayo inahitaji mapato yasiyosubiri msimu wa korosho. Na wana mifano ya kuonyesha. Boma la Wajerumani lililojengwa mwaka 1895, pale juu kilimani, lilikarabatiwa na Trade Aid, shirika la hisani la Uingereza, na likageuzwa hoteli. Kule Unguja, bustani ya Forodhani ilifunguliwa upya mwaka 2009 baada ya matengenezo makubwa, na wauza mishikaki na pweza wapo hadi leo, watu wanapanga foleni.

Mifano mizuri. Lakini Boma liko kilimani, hakuna aliyekuwa akivutia ngarawa juu kule. Forodhani ilikuwa bustani tangu enzi za ukoloni, kwa hiyo bustani ilizaa bustani. Ufukwe wa Mikindani ni mahali pa kazi, na mahali pa kazi pakigeuzwa mahali pa matembezi, kazi haifi. Inahama. Swali ni inahamia wapi, na nani analipia huo uhamisho.

Mji huu, ambao Livingstone alipita mwaka 1866 akianza safari yake ya mwisho, uliachwa na meli, haukuachwa na wavuvi. Ulipoanza ule mradi wa karanga wa Waingereza mwaka 1947, kilitafutwa kina kirefu cha maji cha kujengea gati la meli, kikapatikana Mtwara. Karanga zenyewe ziliwashinda, mradi ukavunjwa mwaka 1951, hata reli yake ikaja kung'olewa. Gati likabaki, likakaa miaka mingi likisubiri mzigo, hadi juzijuzi korosho na makaa ya mawe ya Ruvuma yalipolipatia uhai. Sisi wa kusini tunajua maana ya kujengewa kwa hesabu za mtu wa mbali. Muda wote huo Mikindani mashua ziliendelea kushuka majini.

Sasa njoo kwenye mita 60. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004, kifungu cha 57, inazuia ndani ya mita 60 za ufukwe shughuli za kudumu, pamoja na zile ambazo kwa asili yake zinaweza kudhuru hifadhi ya ufukwe. Namba hii kila mtu wa pwani anaijua, na mara nyingi anaijua kwa sababu ametajiwa akiambiwa aondoke. Simama Mikindani pale maji yanapofika yakijaa, uanze kuhesabu hatua kuelekea bara. Unavuka barabara kuu kabla hesabu haijaisha, ukiendelea unagonga kuta za nyumba ambazo hazikuulizwa na sheria yoyote zilipojengwa. Mji wenyewe umo ndani ya mita 60.

Lakini soma tena: shughuli za kudumu. Mtumbwi haudumu mahali, unaegeshwa leo, kesho uko majini. Jiko la anayekaanga samaki ni mafiga matatu, jioni anayabeba kichwani. Chanja la kuanikia dagaa linakunjwa mvua ikija. Kinachodumu ni ukuta wa zege, ni mgahawa wenye sakafu ya vigae. Kwa maneno ya sheria yenyewe, ningetegemea mwenye mgahawa ndiye ajieleze kwanza, na mwenye mafiga aachwe apulize moto wake.

Ikifika zamu ya fidia, mambo yanapinduka. Kanuni zetu za uthamini wa ardhi kwa ajili ya fidia, za mwaka 2001, zinahesabu ardhi, majengo, mazao, na pia faida iliyopotea: faida halisi ya mwezi mara miezi 36, ikithibitishwa na hesabu zilizokaguliwa pale inapohitajika. Miezi 36 si haba. Ila mama wa mafiga matatu hana hati wala jengo, na hesabu zake ziko kwenye pindo la kanga. Mthamini akija na karatasi yake, ataandika nini? Kule kutodumu kulikomlinda kwenye sheria ya mazingira ndiko kunakomfuta kwenye hesabu za fidia. Sijasikia mpango wa ufukwe unaoanza na fundo hili. Huanza na picha ya taa.

Asubuhi moja nilimkuta fundi mzee akitia kalafati mashua iliyoegemezwa kwa magogo. Alikuwa anasokota pamba, anaichomeka kati ya mbao, anagonga taratibu, kisha anapakaza sifa, yale mafuta ya papa, kwa kitambaa. Harufu yake unaondoka nayo. Akanionyesha mteremko: mashua kama ile haibebwi, inasubiri maji ya bamvua, yanayojaa kuliko siku nyingine, yaifuate ilipo, yainyanyue. Ukuta ukijengwa, hata wenye ngazi nzuri, bamvua litaishia ukutani na mashua itabaki nchi kavu upande wa pili.

Kwa hiyo sisemi ufukwe usiguswe. Lianze bomba la maji safi, vyoo, barafu ya samaki, kivuli cha kukaangia, na mteremko uachwe mpana kwenye mchoro kabla ya kuchora benchi. Mgahawa utapata nafasi ng'ambo ya barabara, kwenye nyumba zilezile za kale zinazolilia mpangaji, na mteja atakula samaki aliyemwona akishushwa.

Nilimuuliza fundi, "Na wakijenga, mzee, utafanyaje?"

"Nitasogea, mwanangu."

"Usogee wapi?"

Hakujibu kwa mdomo. Aliinyoosha nyundo yake ya mbao kuelekea upande wenye mikoko, kisha akarudi kugonga.