Fidia kwenye makutano ya reli: uzembe wa nani?

Treni ya abiria iliporejea Moshi Desemba 2019, na kisha Arusha Oktoba 2020, ilikuta miji iliyokua bila kuijali reli. Njia za miguu zilikuwa zimeshakatiza tuta, bodaboda walikuwa wameshazoea kupita palipo karibu, na wapo vijana ambao hawakuwahi kusikia honi ya treni mtaani kwao. Historia hiyo ina uzito katika dai lolote la fidia linalotokana na ajali kwenye makutano ya reli na barabara huku kwetu, ingawa mjadala huishia haraka kwenye kauli moja: treni ina njia yake, aliyegongwa ndiye aliyeifuata.

Kauli hiyo si ya kupuuzwa. Treni haikwepi, na hata dereva wake akifunga breki mara tu amwonapo mtu, mabehewa yenye shehena huendelea kwenda mamia ya mita kabla ya kusimama. Mwenye gari ndiye anayeweza kusimama kwa urahisi. Mwaka 1927, katika shauri la Goodman, Mahakama ya Juu ya Marekani kupitia Jaji Holmes ilisema kwamba dereva asiyeona njia vizuri huenda akalazimika kushuka garini aangalie kabla ya kuvuka. Miaka 7 baadaye, katika shauri la Pokora, Jaji Cardozo aliibana kanuni hiyo kwa sababu nyepesi kueleweka: aliyeshuka, akaangalia, kisha akarudi kwenye usukani, anaweza kukuta treni imeshafika. Uangalifu wake upimwe kwa hali ya mahali penyewe.

Maamuzi ya ugenini hayazifungi mahakama zetu, lakini yanaweza kuzishawishi, na kwangu lenye mafunzo zaidi ni la Uingereza la mwaka 1972, shauri la Herrington. Mtoto wa miaka 6 alipita kwenye uzio uliobomoka akaungua kwenye reli ya umeme. Shirika la reli liliwajibishwa ingawa mtoto alikuwa mvamizi, yaani aliingia bila ruhusa, kwa kuwa ubovu wa uzio ulikuwa unajulikana. Kwa kipimo hicho, kivuko kisicho rasmi ambacho wafanyakazi wa reli hukiona kila treni inapopita hakiwezi kuitwa siri.

Hata hivyo, haitakuwa haki kulitaka shirika liweke geti kila mahali wananchi walipojikatia njia, hasa pale walipojenga vibanda ndani ya hifadhi ya reli na kuwazibia madereva wasione mbali. Na barabara ikichongwa kukatiza reli bila alama, mamlaka ya barabara haipaswi kukaa pembeni ikitazama wengine wakilaumiana.

Ndiyo maana naona kugawa lawama ni bora kuliko kutafuta mkosaji mmoja. Tuseme hasara ni shilingi milioni 40 na mwendesha pikipiki akaonekana amechangia asilimia 60: atapata milioni 16. Aliyeshindana na treni huku akiiona anaweza kukosa zaidi ya hapo, na sioni sababu ya kumhurumia. Abiria wake ni suala jingine kabisa, kwani uzembe wa dereva haumhamii aliyepakiwa, naye anaweza pia kuigeukia bima ya lazima ya chombo hicho.

Kikwazo kikubwa kiko kwenye utaratibu. Ukomo, yaani muda wa mwisho wa kufungua madai ya madhara, kwa kawaida ni miaka 3, lakini anayelishtaki shirika la umma hutakiwa kutoa notisi ya siku 90, kumuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali na kufungua shauri Mahakama Kuu. Katika muda huo kichaka kilichoziba njia huwa kimeshafyekwa na kibao kipya kimeshasimikwa. Majeruhi akiwa bado wodini, ndugu zake wafuatilie PF3 (fomu ya polisi ya matibabu ya majeruhi) na ramani ya ajali ya polisi, wapige picha za eneo kabla halijabadilika, na waandike majina ya waliosikia honi pamoja na waliokuwepo wasiisikie.