Mickey wa 1928: akatwe au aachwe alivyo?

Nguruwe jike amelala ananyonyesha. Mickey Mouse anawavuta mikia watoto wake, kila mmoja analia kwa sauti yake. Kisha anamnyanyua mama mtu, anawapiga teke watoto waliobaki wakining'inia, na kuanza kumbonyeza matiti kama mpiga kodiani. Kipande hiki cha Steamboat Willie, katuni ya Walt Disney iliyoonyeshwa New York tarehe 18 Novemba 1928, kilikatwa kwa miaka mingi kwenye matoleo ya televisheni. Wapo wanaoona kilistahili kukatwa, na wapo wanaoona kukikata ni kuiharibu kazi. Mimi niko na hawa wa pili, ingawa hoja za wale wa kwanza hazipuuziki.

Ukatili upo, tusiufiche. Paka anazungushwa hewani kwa mkia wake, bata anaminywa hadi atoe mlio wa zumari. Mtoto wa miaka minne anajifunza kwa kuiga, na hapa anaonyeshwa kuwa mnyama akilia ni raha. Wala malalamiko hayakuanza na kizazi chetu. Mwanzoni mwa miaka ya 1930 lawama ziliifikia studio ya Walt Disney, na hata viwele vya ng'ombe vikafunikwa kwa sketi.

Lakini tazama kazi ilivyofanyika. Filamu ya sauti ilipita mashineni kwa kasi isiyobadilika, picha 24 kila sekunde. Wilfred Jackson, kijana wa studioni, alileta metronomu, kifaa cha kuhesabu mapigo ya muziki: mapigo yakiwa mawili kwa sekunde, kila pigo lina picha 12, na mchoraji anajua mkia uvutwe kwenye picha ya ngapi. Katuni zenye sauti zilikuwepo kabla, ndugu wa familia ya Fleischer walishazitengeneza. Hapa, hata hivyo, kila noti ina mwili unaoonekana ukiitoa. Mbuzi anakula karatasi za muziki, Minnie, mpenzi wa Mickey, anamzungusha mkia, na wimbo unatoka mdomoni. Meno ya ng'ombe yanageuka marimba. Utundu ndio unaoupiga muziki, kwa hiyo ukimwondoa nguruwe umeondoa na sehemu ya wimbo.

Lawama nzito zaidi, kwa maoni yangu, haimhusu nguruwe hata kidogo. Wimbo wenyewe, Turkey in the Straw, una sauti ileile ya wimbo wa Zip Coon, ambao tangu miaka ya 1830 uliimbwa na Wazungu waliojipaka masizi usoni kuwadhihaki Weusi. Sauti hiyo haikukatwa, ila matiti ya nguruwe ndiyo yaliyokatwa. Waliokata walikwepa aibu ya macho, wakaiacha dhihaka iendelee kupita masikioni bila mtu kuitaja. Hilo linaniudhi kuliko teke lolote ndani ya filamu. Mkasi hauwezi kuirekebisha, maana wimbo ndio uti wa mgongo wa filamu nzima. Kinachohitajika ni maelezo kabla ya picha kuanza, yasemwe waziwazi na bila kupaka rangi.

Na je, kumstaarabisha Mickey kulileta nini? Mwaka 1935 ilitoka katuni ya The Band Concert. Mickey sasa ni kiongozi wa bendi, nadhifu, anahangaika na muziki wa Rossini, mtunzi wa Kiitaliano. Anatokea Donald Duck, aliyeanza kuonekana 1934, anachomoa filimbi na kupiga Turkey in the Straw mpaka bendi nzima inamfuata yeye. Utundu ulivuliwa panya ukavishwa bata, pamoja na wimbo wake, na filamu ikapata uhai pale pale bata alipoingia.

Tangu tarehe 1 Januari 2024 hakimiliki ya Steamboat Willie imekwisha nchini Marekani, na yeyote huko anaweza kuionyesha au kuikata apendavyo. Ningewaomba waionyeshe nzima, na asili ya wimbo isemwe kwanza. Kwa mtoto wa miaka minne, mzazi akae naye, au amngoje akue kidogo.