Ala nne, mtu mmoja: hesabu ya Ricky Skaggs

Mwaka 1960, katika kijiji cha Martha mashariki mwa Kentucky, Marekani, mwanamuziki Bill Monroe alikuwa jukwaani na bendi yake, na watu wa pale hawakuisha kumpigia kelele ampandishe mtoto mmoja wa kwao. Mtoto mwenyewe alikuwa na miaka sita. Monroe akakubali. Alimpandisha, akavua mandolini yake, ala ndogo ya nyuzi, shingoni, akaufupisha mkanda kwa kuuzungusha kwenye ile kona ya ala iliyojikunja kama konokono, akamvika. Mtoto akaimba wimbo mmoja, akapigiwa makofi, akashushwa. Jina lake Ricky Skaggs.

Kisa hiki husimuliwa kila anapotajwa Skaggs, tena kwa sauti ya kutawazwa: baba wa muziki wa bluegrass kamkabidhi mrithi wake. Mimi huishia kwenye jambo dogo zaidi. Ala aliyovikwa siku ile ilikuwa moja. Yeye akaongeza fidla, gitaa na banjo, na kwa zote nne ameitwa kazini na watu ambao masikio yao hayadanganyiki. Ndipo ubishi unapozaliwa. Je, huyu ni fundi wa ala nne, au ni mpiga mandolini aliyejigawa vipande?

Wakenya wengi walikua na Jim Reeves na Don Williams redioni. Kwa masikio hayo, bluegrass ni binamu wa kantri asiyetaka umeme: mandolini, fidla, banjo, gitaa kavu na besi kubwa ya kusimama, basi. Dramu haimo. Sura yake ilikamilika Earl Scruggs alipojiunga na bendi ya Monroe mwishoni mwa 1945, akaja na namna yake ya kupiga banjo kwa vidole vitatu, kasi kama mvua juu ya bati. (Banjo yenyewe, ambayo wengi huidhani ni mali ya Wazungu wa milimani, chimbuko lake ni Waafrika waliosafirishwa utumwani. Jamaa yake aitwaye akonting bado anapigwa Senegal na Gambia.) Ndani ya bendi kila mtu ana zamu. Mmoja anatoka mbele kupiga solo, wengine wanarudi nyuma kumbeba, kisha wanapokezana. Aliyeshika mandolini, ikiwa si zamu yake, anakata nyuzi kwa mkato mfupi kati ya pigo na pigo. Yeye ndiye dramu isiyokuwepo.

Upande wa kwanza wa ubishi una nguvu, na sitaki kuupita haraka. Muziki huu umejengwa na watu wa ala moja. Ukisikia banjo ya Scruggs kwa sekunde tano unajua ni nani. Gitaa la Tony Rice halifichiki, na mandolini ya Monroe ina ukali ambao hakuna aliyeuiga akafika. Sahihi ya namna hiyo inatokana na ung'ang'anizi wa mtu aliyekaa na ala moja mpaka ikaota mazoea yake. Skaggs ana wepesi, ana usafi, hakosei. Lakini nifunge macho, unipigie fidla yake katikati ya fidla tano nzuri, siamini kama nitaitambua. Mandolini yake nitaitambua. Gitaa, labda. Banjo, hapana. Hiyo ni gharama halisi, na mashabiki wake wanaoikana wanamdhulumu, kwa sababu wanamsifia wingi badala ya kile anachokijua kweli.

Hata hivyo, upande huu unasahau kuangalia vidole. Mandolini na fidla hutuniwa sawasawa, nyuzi zikiachana kwa kiasi kilekile. Anayejua mahali pa sauti kwenye shingo ya moja tayari anajua kwenye nyingine. Mkono wa kushoto unahama na elimu yake yote, kazi mpya ni ya mkono wa kulia: huku unadonoa kwa kipande cha plastiki, kule unavuta upinde. Fidla haina vigawanyo vya chuma shingoni, kwa hiyo sikio linachukua kazi ya jicho. Mpiga uodi wa taarab anayeshika fidla anaujua ugumu huo. Kwa hiyo ala mbili kati ya nne za Skaggs ni karibu ala moja yenye mikono miwili ya kulia. Methali ya mshika mawili haimgusi moja kwa moja.

Na tazama alikopitia. Mwaka 1970, akiwa kijana wa shule pamoja na rafiki yake Keith Whitley, aliwasikia Ralph Stanley, mkongwe wa bluegrass, wakiimba nyimbo za ndugu wa Stanley, yeye na kaka yake, akawachukua kwenye bendi yake. Kwake alipiga mandolini. Baadaye, kwenye bendi ya Country Gentlemen, akashika fidla. Katikati hapo aliwahi kuacha safari za muziki akafanya kazi kwenye kampuni ya umeme, jambo ambalo wanaodhani kipaji hulipa kodi ya nyumba wangelitafakari. Kisha akaingia bendi ya J.D. Crowe, iliyorekodi albamu ya 1975 ambayo wapenzi wa bluegrass bado huiita kwa namba yake ya lebo, 0044. Crowe kwenye banjo, Rice kwenye gitaa, Jerry Douglas kwenye dobro, gitaa la kutelezesha chuma juu ya nyuzi: kila mmoja simba wa pori lake. Skaggs alikuwa pale na mandolini na fidla, akiziba kila pengo ambalo simba hawakuliona.

Kazi hiyo ya kuziba mapengo ndiyo iliyomfikisha kwa mwimbaji wa kantri Emmylou Harris. Alipoingia kwenye bendi yake mwishoni mwa miaka ya 1970, mwanamama yule hakupata mpiga fidla tu. Alipata mtu wa kushika fidla wimbo mmoja, mandolini unaofuata, gitaa baadaye, na kuimba sauti ya juu kote. Albamu yake ya 1980, Roses in the Snow, ina alama za vidole vya Skaggs kila kona, na iliuza mpaka ikapewa cheti cha dhahabu wakati ambapo biashara ya kantri ilikuwa ikikimbilia vinanda na sauti laini za mjini. Hapo wingi wa ala ulikuwa ndiyo hoja yenyewe. Mtu anayejua kila kiti cha bendi anajua pia ni kiti gani kiachwe wazi.

Halafu ikaja miaka ya 1980, na hapa mashtaka yanabadilika. Akiwa msanii wa peke yake aliongeza dramu, gitaa la umeme na gitaa la stili, akafika nambari moja mara 11 kwenye chati za kantri. Wenye msimamo mkali walimwita msaliti. Mimi naona hesabu tofauti. Mmoja wa nyimbo zilizompa nambari moja mwaka 1984 ulikuwa Uncle Pen, utunzi wa Monroe mwenyewe juu ya mjomba wake mpiga fidla. Nyingine alizichukua kwa bendi ya Flatt na Scruggs na kwa ndugu wa Stanley. Aliingiza nyimbo za babu zake kwenye redio zisizotaka babu, na mwaka 1985 chama cha muziki wa kantri kikampa tuzo ya mtumbuizaji bora wa mwaka. Nitakalokubaliana nao ni hili: katika rekodi zile ala zake zinasikika kama kiungo juu ya chakula kilichopikwa na wengine. Aliyepanda ngazi pale alikuwa mwimbaji na mpangaji. Mpigaji alikaa pembeni akisubiri zamu.

Monroe alifariki Septemba 1996. Mwaka uliofuata Skaggs akatoa Bluegrass Rules!, akarudi kwenye muziki usio na waya za umeme, na ikampatia Grammy. Sasa yeye ndiye bosi, bendi ni yake, angeweza kushika chochote. Fidla akampa Bobby Hicks, mtu aliyewahi kumpigia Monroe miaka ya 1950. Gitaa akampa Bryan Sutton, kijana wa kasi ya kutisha. Banjo akampa Marc Pruett. Yeye akabaki na mandolini, ile ala ya Martha. Kwangu huo ni ushahidi mzito kuliko maoni ya mchambuzi yeyote, mimi nikiwemo, kwa kuwa umetoka kwake.

Lakini asingekuwa Skaggs kama angeliacha pale. Mwaka 2009 alitoa albamu ya nyimbo alizopenda baba yake, akapiga ala zote mwenyewe na kuimba sauti zote mwenyewe, moja juu ya nyingine. Kwa ufundi ni kazi ya kushangaza. Sauti zinaposhikana ni kama ndugu, na kwa kweli ni zaidi ya ndugu, ni mtu mmoja. Niliisikiliza nikiisifu kichwani, na bado kuna kitu nilikuwa nakisubiri kisije. Mandolini inapomaliza zamu, fidla inaingia ikijua tayari mandolini ilitaka kusema nini. Hakuna anayemshtua mwenzake. Hakuna anayeharakisha kidogo kwa kiburi, akamlazimisha jirani amkimbilie.

Nikitoka pale hurudi kwenye albamu aliyoifanya na Tony Rice mwaka 1980, watu wawili tu, mandolini na gitaa na sauti zao. Vyombo vilivyomo ni vichache kupita vyote alivyowahi kurekodi navyo. Kuna mahali Rice anachelewesha noti nukta moja tu, na unamsikia Skaggs, aliyelijua gitaa lile vizuri kiasi cha kuweza kulipiga mwenyewe, akimsubiri.